Mwezi Mmoja wa Kudai: Bidhaa Zilizokamatwa na Forodha na Nafasi ya Mwenye Mali katika Sheria ya Afrika Mashariki

Ikisiri

Makala haya yanafafanua utaratibu wa kupinga ukamataji wa bidhaa zilizoingizwa nchini, kama ulivyowekwa na Sheria ya Usimamizi wa Forodha ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2004, kwa kuzingatia hasa mazingira ya Tanzania. Hoja inayojengwa ni kwamba Sheria hiyo imepangwa kwa namna inayoweza kuacha hatima ya mali iamuliwe na kalenda kabla ya mahakama yoyote kuuliza iwapo ukamataji ulikuwa halali. Makala yanachambua maana ya "mwenye mali", muda wa kudai, wajibu wa kuthibitisha, mgongano wa vyombo vya kusikiliza mashauri, nafasi ya mmiliki wa gari asiyeshtakiwa, na ufifilishaji wa makosa.

1.0 Utangulizi

Sheria ya Usimamizi wa Forodha ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2004 (kuanzia hapa: Sheria) ilianza kutumika tarehe 1 Januari 2005 pamoja na Umoja wa Forodha wa Jumuiya. Pamoja na upya wake, sehemu yake inayohusu ukamataji na utaifishaji ina umri mrefu zaidi ya Jumuiya yenyewe. Muundo wake ulirithiwa kutoka sheria za forodha za awali za Afrika Mashariki, ambazo nazo zilifuata mkondo wa sheria za Uingereza. Msingi wa mkondo huo ni wazo ambalo mtu asiye mwanasheria hulipokea kwa mshangao: kinachoshtakiwa ni kitu, si mtu. Magunia ya mchele, marobota ya nguo au lori lililoyabeba yanaweza "kuhukumiwa" na kuwa mali ya serikali bila mmiliki wake kutiwa hatiani kwa kosa lolote, na pengine bila hata kushtakiwa.

Wazo hilo lina sababu zake. Meli inayovusha magendo huweza kuwa na mmiliki asiyefikika, na bidhaa zilizofichwa huweza kukosa mtu anayekubali kuwa ni zake. Dola iliyolazimika kumpata mkosaji kwanza ndipo iiguse mali ingepoteza vyote viwili. Hata hivyo, chombo kilichobuniwa kwa ajili ya mali isiyo na mwenyewe hufanya kazi kwa namna tofauti kabisa kinapotumika dhidi ya mfanyabiashara anayejulikana kwa jina, namba ya mlipakodi na anwani ya duka.

Fasihi ya sheria ya kodi nchini imeshughulika zaidi na makadirio ya kodi na pingamizi zake. Ukamataji wa mali hutajwa pembeni, kana kwamba ni tawi dogo la mzozo wa kodi. Makala haya yanachukua msimamo kwamba ukamataji ni jambo la haki ya kumiliki mali kwanza, na jambo la kodi baadaye. Na kwamba matatizo mengi yanayojadiliwa hapa chini yanatokana na kuchanganya mambo hayo mawili.

2.0 Kushikilia, kukamata, kutaifisha

Katika mazungumzo ya kila siku bandarini na mipakani, maneno "mzigo umekamatwa" hutumika kwa hali zisizopungua tatu ambazo kisheria hazifanani.

Hali ya kwanza ni ya mzigo ambao haujakamilishiwa taratibu. Bidhaa zilizohifadhiwa katika ghala la forodha na zisizoondolewa ndani ya siku 30 huweza kutangazwa na kisha kunadiwa chini ya kifungu cha 42. Hapa hakuna tuhuma. Mwagizaji amechelewa tu, au ameshindwa kulipa. Hali ya pili ni ya mzigo ulioshikiliwa wakati afisa anachunguza nyaraka, thamani iliyotangazwa au uainishaji wa bidhaa. Ya tatu ndiyo ukamataji wenyewe: kifungu cha 213 kinamruhusu afisa kukamata kitu chochote kinachostahili kutaifishwa, au ambacho ana sababu za msingi za kuamini kwamba kinastahili kutaifishwa. Afisa hahitaji kuthibitisha kosa wakati huo.

Utaifishaji ni hatua inayofuata. Ukamataji humwondolea mwenye mali umiliki wa mkononi. Utaifishaji humwondolea haki yenyewe. Muda uliopo baina ya hatua hizo mbili ndio uwanja pekee wa kupigania mali, na ni uwanja mfupi.

Mpaka kati ya hali ya pili na ya tatu ni mwembamba kuliko unavyoonekana, kwa sababu ya tafsiri pana ya bidhaa zisizolipiwa ushuru. Sheria inazihesabu katika kundi hilo si bidhaa zilizopitishwa njia za panya pekee, bali pia bidhaa ambazo ushuru wake haukulipwa kwa ukamilifu. Kwa hiyo mwagizaji aliyetangaza bei ambayo afisa anaiona kuwa ndogo mno anaweza kujikuta ametoka katika mjadala wa kawaida wa thamani, unaotawaliwa na kifungu cha 122 na Jedwali la Nne, na kuingia katika eneo la kifungu cha 210 ambapo bidhaa nzima, si tofauti ya ushuru tu, imo hatarini. Uamuzi wa kuupeleka mzozo upande mmoja au mwingine uko mikononi mwa afisa, na Sheria haitoi kigezo cha kutosha cha kumwongoza.

3.0 Nani ni mwenye mali, na saa inaanza lini?

Kifungu cha 214 ndicho moyo wa utaratibu wote. Kinamtaka afisa aliyekamata mali ampe mwenye mali taarifa ya maandishi, pamoja na sababu za ukamataji, ndani ya mwezi mmoja. Lakini wajibu huo haupo iwapo mali ilikamatwa mbele ya mwenye mali. Mwenye mali naye anapewa mwezi mmoja, kuanzia siku ya ukamataji au siku ya taarifa, kumwandikia Kamishna na kudai mali yake. Mwezi huo ukipita bila madai, na kama hakuna mashtaka yanayoendelea kuhusiana na mali hiyo, mali inahesabiwa kuwa imetaifishwa. Hakuna shauri litakalofunguliwa, hakuna ushahidi utakaosikilizwa, wala hakuna hukumu itakayosomwa.

Msomaji wa haraka anaweza kuona utaratibu huo kuwa wa haki: aliyekuwepo hahitaji kuambiwa kilichotokea, na asiyekuwepo ataandikiwa. Ugumu umo katika neno "mwenye mali". Kifungu cha 2 kinalitafsiri neno hilo, kwa upande wa bidhaa, kujumuisha mwagizaji, mpokeaji, wakala, na mtu yeyote aliye na bidhaa hizo mkononi, au mwenye mamlaka juu yake, au mwenye maslahi ndani yake. Kifungu cha 214 kinalithibitisha jambo hilo kwa kusema kwamba mali iliyokamatwa mbele ya mtu yeyote anayeingia katika tafsiri hiyo itahesabiwa kuwa imekamatwa mbele ya mwenye mali.

Ichukuliwe mfano wa kubuni. Mfanyabiashara wa Mbeya amenunua vipuri vya mashine Zambia na kuvikabidhi kwa dereva wa lori la kukodi. Lori linasimamishwa baada ya kuvuka Tunduma, na afisa anaona kwamba idadi ya makasha haiafikiani na hati za mzigo. Vipuri vinakamatwa tarehe 4 Machi. Dereva anapewa karatasi, anaikunja, anaiweka mfukoni. Anaogopa kumpigia simu mteja wake. Anajaribu kwanza kulimaliza mwenyewe. Mfanyabiashara anapata habari tarehe 27 Machi. Kwa lugha ya kawaida, yeye ndiye mwenye mali na hakuwepo. Kwa lugha ya Sheria, mwenye mali alikuwepo, kwa kuwa dereva alikuwa na bidhaa mkononi. Hakuna taarifa itakayotumwa Mbeya. Zimebaki siku chache tu.

Anachokifanya mfanyabiashara huyo katika siku hizo ndicho kitakachoamua kila kitu. Ni jambo la kawaida kwa mtu wa namna yake kwenda kituoni kwa adabu, kuonana na mkuu wa kituo, kuambiwa kwamba suala "linafanyiwa kazi", kisha kuandika barua ya kuomba kusaidiwa. Barua hiyo haikuandikwa kwa Kamishna. Haidai mali, inaomba huruma. Inawezekana hata ikakiri kosa la dereva ili kuonyesha unyenyekevu. Tarehe 4 Aprili inapita.

Je, barua ya namna hiyo inaweza kuhesabiwa kuwa ni taarifa ya madai? Kifungu cha 214(4) kinataka mambo matatu tu: maandishi, yaelekezwe kwa Kamishna, na yadai kitu kilichokamatwa. Hakitaji maneno maalumu. Ibara ya 107A(2)(e) ya Katiba ya Jamhuri ya Muungano wa Tanzania inazitaka mahakama zitende haki bila kufungwa kupita kiasi na masharti ya kiufundi yanayoweza kukwamisha haki. Kanuni ya zamani ya ufasiri inasema pia kwamba sheria inayomnyang'anya mtu mali yake isomwe kwa ufinyu pale inapokuwa na utata. Kwa mwanga huo, barua yoyote inayosema kwa uwazi kwamba mzigo ni wa mwandishi na kwamba anautaka urudishwe, hata kama imeandikwa kwa mkuu wa kituo aliye chini ya Kamishna, inapaswa kutosha. Si haki kumtaka mwenye duka ajue tofauti ya mamlaka kati ya kituo na makao makuu wakati watumishi wenyewe huipokea barua yake, huigonga muhuri na kuiweka katika jalada.

Barua ya kuomba huruma ni jambo jingine. Anayeomba msamaha hapingi kwamba mali inastahili kutaifishwa. Anaomba tu isitaifishwe. Kwa maombi ya namna hiyo ipo njia tofauti, yaani kifungu cha 218, kinachoruhusu mali irejeshwe kwa masharti hata baada ya kutaifishwa. Tofauti hii inaweza kuonekana ya kimaneno, lakini uzoefu wa Uingereza, ambako Jedwali la 3 la Sheria ya Usimamizi wa Forodha na Ushuru wa Bidhaa ya mwaka 1979 lina mwezi mmoja wa aina hiihii, unaonyesha uzito wake. Katika shauri la Jones la mwaka 2011, Mahakama ya Rufani ya Uingereza na Wales iliamua kwamba watu walioondoa madai yao hawakuweza baadaye, wakati wa kuomba kurejeshewa mali, kurudi kwenye hoja kwamba bidhaa ziliingizwa kihalali kwa matumizi yao binafsi. Sheria ilikwisha kuzihesabu kuwa zimetaifishwa kihalali, na baraza lililosikiliza ombi la kurejeshewa halikuwa na uwezo wa kuona vinginevyo. Uamuzi huo haufungi mahakama za Afrika Mashariki. Lakini maneno ya kifungu cha 214(2)(b) yanakaribiana mno na yale yaliyotafsiriwa huko, na wakili wa upande wa forodha hatakosa kuutumia.

4.0 Baada ya kudai

Madai yakiwasilishwa kwa wakati, hali inabadilika kwa kiasi kikubwa, na huu ni upande wa Sheria ambao wafanyabiashara hawaufahamu vya kutosha. Chini ya kifungu cha 216, Kamishna ana miezi miwili ya kuchagua: ama amtake mdai kwa maandishi afungue shauri la kurudishiwa mali ndani ya miezi miwili, ama yeye mwenyewe afungue shauri la kuomba utaifishaji. Asipofanya lolote kati ya hayo, mali inapaswa kuachiwa, isipokuwa bidhaa zilizopigwa marufuku au zenye masharti maalumu zilizoingizwa kinyume cha sheria. Ukimya wa Kamishna, kwa maneno mengine, unamnufaisha mdai. Ukimya wa mdai unamnufaisha Kamishna: akitakiwa kufungua shauri na asifungue, mali inataifishwa.

Wakati huo wote mali imo ghalani. Kifungu cha 214(5) kinamruhusu Kamishna kumkabidhi mdai mali hiyo kwa dhamana ya thamani yake, lakini hakimlazimishi. Bidhaa zinazoharibika upesi na wanyama vinaweza kuuzwa mara moja, na fedha zikakaa mahali pa mali. Kwa mwagizaji wa matunda au vifaranga, hiyo ina maana kwamba hata akishinda atapata bei ya mnada, si bei ya soko alilolikusudia.

5.0 Wajibu wa kuthibitisha

Kifungu cha 223 kinaweka wajibu wa kuthibitisha malipo ya ushuru, uhalali wa uingizaji na asili ya bidhaa juu ya mtu anayedai mali iliyokamatwa. Kwa makampuni yenye mafaili kamili hili si kikwazo kikubwa. Kwa mfanyabiashara mdogo wa mpakani, suala la asili ya bidhaa ndilo lenye miiba. Mchele au maharage yaliyolimwa ndani ya Jumuiya hayatozwi ushuru wa forodha yanapovuka mpaka wa ndani, na kwa shehena isiyozidi dola 2,000 za Marekani cheti cha asili kilichorahisishwa kinatosha. Lakini gunia la mchele halina alama inayoonyesha shamba lilikotoka. Asiyechukua cheti siku ya kuvuka atatakiwa, miezi kadhaa baadaye, kuthibitisha jambo ambalo nafaka yenyewe haiwezi kulisema, huku ushahidi wake ukiwa ni mkulima wa kijijini aliyelipwa taslimu.

6.0 Milango miwili

Utaratibu wa vifungu vya 214 hadi 216 ungekuwa mgumu lakini unaoeleweka kama ungesimama peke yake. Hausimami peke yake. Kifungu cha 229 kinampa mtu yeyote aliyeathiriwa moja kwa moja na uamuzi au kutotenda kwa Kamishna au afisa katika masuala ya forodha haki ya kuomba mapitio ndani ya siku 30. Kamishna anatakiwa kujibu kwa maandishi, akitoa sababu, ndani ya siku 30. Asipojibu, anahesabiwa kuwa ameyakubali maombi. Asiyeridhika na uamuzi huo anaweza, chini ya kifungu cha 230, kukata rufani ndani ya siku 45 katika baraza la rufani za kodi la nchi yake.

Ukamataji ni uamuzi wa afisa katika suala la forodha. Kwa hiyo kwa maneno yake ya wazi kifungu cha 229 kinauhusu. Na kwa kuwa siku 30 na mwezi mmoja huenda sambamba, mwenye mali anajikuta mbele ya milango miwili inayofungwa karibu wakati mmoja: mmoja unaelekea kwenye shauri la mahakamani kuhusu mali, mwingine kwenye mapitio na baraza la kodi. Sheria haisemi iwapo kupita mlango mmoja kunasimamisha saa ya mwingine. Mtu aliyeomba mapitio kwa nia njema, akasubiri jibu, anaweza kuambiwa kwamba hakuwahi kudai mali na kwamba ilikwisha kutaifishwa alipokuwa akisubiri. Wakili makini hutuma barua mbili siku moja, au barua moja yenye vichwa viwili. Huo ni ushauri mzuri kwa mteja, lakini sheria inayohitaji ujanja wa namna hiyo ili isimnase mtu aliyechukua hatua mapema ina kasoro.

Nchini Tanzania tatizo linaongezeka. Kifungu cha 7 cha Sheria ya Rufani za Kodi, Sura ya 408, kinaipa Bodi ya Rufani za Kodi mamlaka pekee ya awali katika mashauri ya madai yanayotokana na sheria za mapato zinazosimamiwa na Mamlaka ya Mapato Tanzania. Mahakama ya Rufani, katika shauri la Mamlaka ya Mapato Tanzania dhidi ya Tango Transport Company Limited (Rufani ya Madai Na. 84 ya 2009), iliusimamia msimamo kwamba migogoro ya namna hiyo haianzii katika mahakama za kawaida. Kwa upande mwingine, kifungu cha 216 cha Sheria kinazungumzia mahakama itakayoridhika au kutoridhika kwamba kitu kinastahili kutaifishwa. Je, Bodi ni mahakama kwa maana ya kifungu hicho?

Majibu mawili yanawezekana. La kwanza linaanzia kwenye kifungu cha 253, kinachosema kwamba Sheria inatangulia sheria za Nchi Washirika katika mambo inayoyahusu, na kwenye Ibara ya 8(4) ya Mkataba wa Kuanzishwa kwa Jumuiya, inayosema jambo lilelile kwa upana zaidi. Kwa mtazamo huo, neno "mahakama" lipewe maana yake ya kawaida na Sura ya 408 inyamaze. Jibu la pili linasema kwamba Sheria yenyewe, katika kifungu cha 231, imeziachia Nchi Washirika kuunda mabaraza yao ya rufani za kodi, na kwamba hakuna mgongano wowote pale nchi inapoamua chombo kimoja kisikilize mizozo yote ya forodha.

Jibu la pili lina faida ya vitendo: chombo kimoja chenye wataalamu, na mwananchi hahangaiki baina ya masjala mbili. Hata hivyo lina udhaifu unaopaswa kutazamwa. Kifungu cha 231 kinahusu mabaraza ya kusikiliza rufani dhidi ya uamuzi wa Kamishna. Shauri la kifungu cha 216 si rufani. Ni shauri la mwanzo kuhusu hadhi ya kitu, na katika tawi lake moja mfunguaji ni Kamishna mwenyewe, ambaye hawezi kukata rufani dhidi ya uamuzi wake. Kulihamishia shauri la namna hiyo katika chombo cha rufani za kodi ni kulifanya swali la "hii ni mali ya nani?" ligeuke kuwa "Kamishna alikosea wapi?" Maswali hayo hayana jibu moja, wala hayaanzi na mzani uleule. Hadi Mahakama ya Rufani itakapolitolea swali hili ufafanuzi wa moja kwa moja, mdai anayeelekezwa na Kamishna "kufungua shauri" ndani ya miezi miwili anaweza kuimaliza miezi hiyo katika masjala isiyo sahihi.

7.0 Gari la mtu asiyeshtakiwa

Kifungu cha 211 kinapanua utaifishaji hadi kwenye gari, mnyama na chombo kidogo cha majini kilichotumika kubeba bidhaa zinazostahili kutaifishwa. Kifungu cha 215 kinaongeza kwamba mtu akishtakiwa na kutiwa hatiani, hukumu hiyo peke yake, bila amri nyingine, inakuwa na nguvu ya utaifishaji wa kitu kinachohusika.

Vifungu hivyo viwili vikisomwa pamoja, dereva akikiri kosa mbele ya hakimu asubuhi moja, lori la mtu mwingine linaweza kuwa mali ya serikali kabla ya mchana, bila mwenye lori kuitwa. Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba inampa kila mtu haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu pale haki na wajibu wake vinapoamuliwa na mahakama au chombo kinginecho. Ibara ya 24 inailinda mali dhidi ya kunyang'anywa bila idhini ya sheria inayoweka masharti ya kutoa fidia inayostahili. Hoja ya kawaida ya kuitetea Sheria ni kwamba mmiliki anaweza kujilinda kwa kuchagua dereva mwaminifu. Hoja hiyo ina ukweli, lakini haijibu swali la kusikilizwa.

Katika Kukutia Ole Pumbun na Mwingine dhidi ya Mwanasheria Mkuu [1993] TLR 159, Mahakama ya Rufani ilikibatilisha kifungu kilichomtaka mwananchi apate kwanza kibali cha serikali ndipo aishtaki, na iliweka kipimo: sheria inayobana haki ya msingi isiwe ya kionevu, na isibane zaidi ya inavyohitajika kufikia lengo lake. Kipimo hicho kinaweza kupelekwa kwenye kifungu cha 215 bila kulazimisha mambo. Lengo la kuzuia magendo halipungukiwi na chochote iwapo mwenye lori ataitwa na kuulizwa alijua nini. Mahakama ya Rufani ya Uingereza na Wales ilifika mahali panapofanana na hapo katika shauri la Lindsay la mwaka 2002, iliposema kwamba sera ya kutorejesha magari haikupaswa kumtazama mlanguzi wa kibiashara na mtu aliyewabebea ndugu zake sigara kwa jicho moja. Tofauti iliyopo ni kwamba huko hoja ilielekezwa kwenye uamuzi wa kutorejesha gari, ilhali kifungu cha 215 hakiachi uamuzi wowote wa kuupima. Utaifishaji unatokea wenyewe. Kwa sababu hiyo pingamizi la kikatiba hapa lina nguvu zaidi, si pungufu.

8.0 Ufifilishaji

Njia inayomvutia zaidi mtu aliyekamatiwa mzigo haimo katika vifungu vilivyojadiliwa hadi sasa. Ni kifungu cha 219, kinachompa Kamishna uwezo wa kufifilisha kosa: mhusika anakiri kwa fomu maalumu kwamba alitenda kosa, anaomba lishughulikiwe kiutawala, analipa kiasi kisichozidi faini ambayo angetozwa mahakamani, na shauri linaisha. Kamishna anaweza pia kuamuru mali itaifishwe. Amri hiyo ni ya mwisho, haikatiwi rufani, na inatekelezwa kama amri ya Mahakama Kuu.

Utaratibu huu una manufaa ya kweli. Mahakama hazijazwi na mashauri madogo, na mwenye mali halali haachiwi mzigo wake ukioza. Tatizo ni mazingira ambamo ukiri hutolewa. Mtu ambaye mzigo wake umekaa ghalani wiki sita, anayedaiwa gharama za hifadhi kila siku, na mwenye mkopo wa benki uliokwisha kufika siku ya marejesho, anapima gharama ya kukiri dhidi ya gharama ya kungoja. Mara nyingine atakiri kosa ambalo, lingefika mbele ya hakimu, lisingethibitishwa. Sheria inamtaka Kamishna aridhike kwamba kosa limetendwa, lakini haimtaki aeleze kwa maandishi ni ushahidi gani, mbali na ukiri wenyewe, uliomridhisha.

Mtu huyo akija kugundua baadaye kwamba bidhaa zake zilikuwa na haki ya kuingia bila ushuru, kwa mfano kwa sababu cheti cha asili kilikuwepo siku zote katika bahasha ya wakala, hana rufani. Anaweza kujaribu Mahakama Kuu kwa maombi ya mapitio ya mahakama chini ya Sura ya 310, akidai kwamba hakuukubali utaratibu kwa hiari au kwamba fomu haikufuata masharti ya kifungu. Swali litakalosikilizwa huko ni jinsi ukiri ulivyopatikana. Swali la kama afisa alikuwa na sababu za msingi za kuukamata mzigo ule halitaulizwa.